Sura Yangu Kwenye Filamu za Mtaliana

Kwa jina la Mola aliyenileta na anayenirejesha kwake, sogeeni karibu wanangu mnisikilize, maana pumzi niliyobakiwa nayo si ya kurudia neno mara mbili. Siham, nipandishie huo mto mgongoni. Hapo, basi. Mahir, zima simu, na ukitaka kunijibu nijibu kwa Kiingereza chako kama kawaida yako, nakielewa, ila leo kazi yako ni kusikia. Nawe Kaka Mwadini, umepanda ngazi zote hizi za Thamesmead hapa London kwa magoti ya miaka themanini na mitatu kwa kuwa lifti imekufa tena, Mungu akulipe kila ngazi thawabu yake. Kaa kwenye kiti cha marehemu shemeji yako, maana nusu ya maneno haya ni yako.

Mali haina maneno. Flati hii ni ya kaunsili ya mji na itarudi kwa kaunsili. Dhahabu zangu na vijisenti vya benki, Mungu keshavigawa kwenye kitabu chake kabla hata sijazaliwa, fungu la mwana na fungu la binti, na atakayemnunia mwenzake kwa ajili ya bangili simsamehe hapa wala huko niendako. Kitu kimoja tu sharia haikukitaja, nacho ni lile kopo la bati lililo chini ya dirisha bovu, pana kama sinia, ambalo Alhamisi watu wa nyumba ya kuhifadhi filamu wanakuja kulichukua. Ndani yake mna filamu, na mwanzoni mwa filamu hiyo mna sura yangu, kichwa wazi, nywele zimeachiwa. Na mimi, siku ya maziko ya baba yenu, nilimwahidi Kaka Mwadini kwamba sura hiyo itakatwa na kuchomwa moto kabla sijaingia kaburini. Ahadi ni deni, nami sitaki kwenda na deni la ndugu yangu shingoni. Lakini sitaki pia sura ile ichomwe. Ndilo lililonifanya niwaite.

Msinitolee macho, nitawaeleza.

Mlipokuwa wadogo mliwaambia wenzenu shuleni ati mama yetu anafanya kazi ya sinema, na wao wakidhani nauza popkoni mlangoni. Mimi nilikuwa mpima rangi. Watu wakishapiga filamu yao, ilikuja kwetu maabara, ikasafishwa, na kabla haijachapwa nakala za kuonyesha watu, mtu mmoja alikaa mbele ya mashine akakiamulia kila kipande kipewe mwanga kiasi gani wa nyekundu, wa kijani na wa buluu, kwa vipimo tulivyoviita pointi. Ukipandisha, picha inakolea; ukishusha, inang'ara. Kwa vile jicho la mwanadamu ni mwongo, asubuhi linaona hili na likishashiba linaona lile, kila filamu ilibandikwa mwanzoni kipande kifupi cha mwanamke aliyekaa kimya karibu na ubao wa rangi. Watazamaji hawamwoni kamwe, kinapita kabla taa za ukumbi hazijazimwa. Ukishamweka huyo sawa, filamu nzima inakaa sawa.

Maabara yetu, mwanamke huyo alikuwa Jean wa mapokezi, mweupe, mashavu mekundu. Alikuwa mtu mwema sana, Siham ulipozaliwa aliniletea mablanketi aliyoyafuma mwenyewe, sina neno naye hata moja. Ila kila uso uliopita pale, wa Mchina, wa Mhindi, wa Mwafrika, ulipimwa kwa mashavu ya Jean. Na mimi binti wa Wete kule Pemba nilikaa kiti kile miaka saba nisione ajabu yoyote.

Halafu akaja Mtaliana. Ottavio Malgari jina lake, mfupi, kichwa kikubwa, mikono ya koti imeungua ungua kwa taa za kazini. Alizaliwa kwenye nchi tambarare ya mashamba na ukungu, na filamu zake za ujanani kule kwao, nilikuja kuzitazama baadaye, zote ni ukungu mtupu, watu wanatokeza mmoja mmoja hadi unaogopa nani anafuata. Akagombana na wenye fedha wa Roma waliotaka kila pembe iwashwe taa. Akawaambia kwamba mtu anayeonekana pande zote hana siri, na mtu asiye na siri nani alipe kumtazama? Wakamfukuza. Ndipo akaja London, mwaka wa sabini na nane, kupiga filamu ndogo ya wauguzi weusi wa hospitali moja huku kusini mwa mto.

Nikatia kipande chake cha kwanza mashineni. Namwona muuguzi, mweusi ti, kakaa jikoni alasiri, dirisha moja kushoto, taa hakuna, nusu ya uso imo kizani. Nikasema maskini, Mtaliana kaharibu kazi. Sasa mjue nimetoka wapi mimi. Kwetu, bibi arusi akipelekwa kupigwa picha alipakwa poda hadi shingoni, na mpiga picha naye akirudi dukani alichukua brashi akamng'arisha mara ya pili, na asipotoka mweupe, mama zake huenda dukani kumtolea mtu maneno. Ilikuwa heshima. Kumwacha mtu atoke mweusi pichani ilikuwa ni kumvunjia adabu. Basi nikamfanyia yule dada hisani. Nikashusha pointi sita, akang'ara jikoni kote, nikajiona nimemstiri mtoto wa watu.

Mtaliana alikaa kwenye ukumbi wetu mdogo akatazama hadi mwisho. Akaniuliza, huyu ni nani? Nikamwambia ni muuguzi wako. Akasema, muuguzi wangu namjua, nimekaa naye wiki tatu nikisubiri jua liguse meza yake, huyu mwingine katoka wapi? Nikapandwa na hasira, mnanijua, nikamwambia bwana wee, mimi nimekusaidia, wewe ulimtupa gizani. Hakupandisha sauti. Akasema, ichape kama nilivyoipiga, kisha njoo unitukane.

Nikaichapa. Wanangu, nimetazama picha miaka arobaini na haijanipata tena kama siku ile. Kipaji cha uso kilikuwa na shaba ndani yake. Kwenye mfupa wa shavu palikuwa na buluu ya dirisha, ndogo, imetulia. Chini ya jicho zambarau, ya mtu asiyelala. Na ule upande niliouita giza haukuwa giza, ulikuwa na sikio, na hereni, na uchovu, na neno ambalo yule mwanamke hakutaka kumwambia mtu. Nilikuwa na miaka thelathini na miwili, nimezaliwa na ngozi hii, nimeioga na kuipaka mafuta kila siku ya Mungu, na ndiyo kwanza naiona. Nililia mbele ya mwanamume asiye wangu, na wala sikuona haya. Nikamwambia, nisamehe. Akasema, mwombe yeye.

Baada ya hapo alinichukua nikaone anavyofanya kazi, kwenye nyumba moja ya Lewisham. Alikuwa akiingia chumbani akiwa ameinua mkono mbele, kiganja juu, kama mtu anayepima iwapo mvua imeanza, akizunguka hivyo hadi apate pale mwanga unapomtosha. Taa za watu alizizima. Akanifundisha jambo ambalo mafundi wengi hawakulijua: ngozi nyeupe humwagiwa mwanga, lakini ngozi nyeusi hupewa kitu cha kuakisi. Kwa hiyo hakumulika uso. Alitandika shuka kubwa jeupe pembeni ya dirisha, shuka ikapokea jua, na uso ukapokea shuka. Ukuta mweupe wa nyuma aliufunika karatasi ya kahawia ili usimpigie kelele mtu aliyekaa mbele yake. Kisha akasubiri. Siku niliyokuwapo alisubiri wingu saa mbili nzima, wenye fedha wanatukana, mafundi wanakunywa chai ya nne, yeye macho juu. Wingu likafika, kamera ikazunguka kwa muda wa kusoma Kul Huwallahu mara mbili, akasema imetosha, twendeni. Usione vyaelea, vimeundwa.

Ndipo akaenda kwa wakubwa wa maabara akawaambia hataki tena sura ya Jean mwanzoni mwa filamu zake. Wakamwambia ndiyo taratibu. Akawaambia basi filamu zangu nazirudisha Roma. Wakamwuliza anamtaka nani, akaninyooshea kidole. Nilimwuliza baba yenu, Mungu amrehemu, akanambia kama ni kazi, ifanye. Na sikilizeni vizuri hapa, maana yamesemwa mengi: hakuna aliyenivua ushungi. Mtaliana alinambia nikae nilivyo. Mimi ndiye niliyemwuliza, na nyeusi yako utaipimia wapi? Akasema kwenye nywele, maana ndiyo nyeusi pekee yenye uhai ndani yake, lakini tutafanya bila. Nikavua kwa mkono wangu huu, kwa sababu nilitaka kazi iwe sahihi. Pupa ya fundi hiyo, wala sikuwa mtoto.

Ukihesabu na hiyo ya wauguzi, akapiga filamu kumi na moja, na zote nilizipima mimi, na zote zilianza kwa sura yangu. Akapiga ya wanawake wa mashamba ya chumvi, nyeupe juu ya nyeupe, na katikati nyayo za mtu zimepasuka hadi unataka kuzipaka mafuta. Akapiga ya mjane, chumba kina ukuta mweusi, nguo nyeusi, uso mweusi, weusi watatu na kila mmoja anajitegemea. Pointi moja tu ukikosea wanamezana. Siku nne tulikaa juu ya kipande kile, na siku ya nne weusi wale walipoachana, Bhavini, yule mama wa Nairobi aliyekuwa akiendesha mashine ya kuchapa, mtu wa hekalu la Kihindu la Neasden, aliweka mikono pamoja kifuani akainama mbele ya picha. Mimi nikasema subhanallah. Kila mtu kwa dini yake, lakini tulichokiona kilikuwa kimoja.

Ya mwisho aliipiga macho yakiwa yameingia mtoto wa jicho. Haoni vizuri hata vifungo vya koti lake. Akasimama chumbani akainua mkono, nikamwona anahisi joto la dirisha kwa kiganja, akasema kamera iwe hapa. Nilipokuwa napima, akaniuliza, Mwatima, jioni yangu imetoka rangi gani? Nikamwambia ni ya dengu. Akasema shusha nyekundu moja. Nikashusha, ikawa jioni. Hakupata tuzo kubwa hata moja, kafa miaka sita iliyopita, kwenye maziko yake walikuwapo watu ishirini, na mimi mmoja wao. Mungu ana siri zake kwa waja wake. Mimi ninachojua ni kwamba Alimpa mtu yule macho, na akaniweka mimi karibu niyaone yakifanya kazi.

Sasa nakuja kwako, Kaka.

Wanangu, mjomba wenu huyu ndiye aliyenitoa Pemba mwaka wa sitini na nne, mimi binti wa miaka kumi na minane, akanivusha hadi Mombasa, akatangulia huku akafanya kazi ya kiwanda cha matairi miaka miwili ndipo akaniletea nauli. Hakuoa hadi aliponiozesha mimi. Nilipaswa kumwambia habari ya picha ile kwa kinywa changu, na sikumwambia, niliogopa. Akaisikia kwa rafiki yake aliyekuwa akiendesha mashine ya sinema. Akaja mlangoni, hata viatu hakuvua, akanambia, wanaume wasiokujua wanakushika mikononi mwao, mimi dada sina. Miaka ishirini na moja. Mahir, kwenye akika yako hakuja. Idi ngapi nimepika sahani yake nikaila mwenyewe siku ya pili. Ndugu wakigombana chukua jembe ukalime, wakipatana chukua kapu ukavune, lakini sisi tuligombana hadi shamba likaota mwitu. Iliniuma, Kaka. Sijawahi kukwambia ilivyoniuma. Alipokufa mume wangu ulikuja, ukaingia kaburini kumpokea, ukatoka na udongo magotini, na mimi kwa furaha ya kukuona ningekuahidi hata macho yangu. Nikakuahidi sura ile.

Na ningeitimiza. Maabara ilipofungwa na makopo kutupwa kwenye pipa la taka nje, Bhavini alinipigia simu, njoo uichukue sura yako kabla gari halijaja, nikaenda nikatoa kopo moja, la filamu ya wauguzi, nikaliweka hapo kwenye baridi ya dirisha bovu ili filamu isipauke, nikisema nitalikata kesho. Miaka kumi na miwili ya kesho. Kisha mwaka huu hao wahifadhi wakaanza kuzitengeneza upya filamu za Mtaliana kwa kompyuta. Sura zangu nyingine zote zilishakatwa na kutupwa, nani alijali. Hawana kipimo, wanakisia. Siham, si ulinionyesha walichokifanya? Ulinishikia kompyuta hapa kitandani, nikamwona mjane wangu yumo kwenye chumba cha kijivu, weusi wake watatu wamekuwa uji, na uso wake wamempaka poda, Kaka! Poda ile ile! Na hawana ubaya, wanadhani wanamsaidia, kama nilivyodhani mimi. Nikawapigia nikawaambia mmekosea. Wakanijibu kwa adabu, mama, tupe sura, hiyo moja itatupimia zote kumi na moja. Ningekuwa na nguvu ningekwenda nikakaa mwenyewe mbele yao, wakapima uso wangu. Lakini nitazameni. Hii si rangi yangu tena.

Basi hilo ndilo lililo mbele yetu. Ikichomwa, ahadi yangu imetimia na kazi ya mtu yule imekwenda, na wale watu wote aliowasubiria wingu watabaki wamepakwa poda hadi kiama. Isipochomwa, nimekuvunjia ahadi wewe uliyenilea. Mahir anasema nisubiri ufe kwanza. Ndiyo, Mahir, ulisema, usijifanye hukusema. Mimi sifanyi mambo ya kungojeana kufa. Nakuomba mbele ya watoto hawa, Kaka, unifungue. Kwa dua yako, si kwa kunihurumia. Na ukikataa, mkasi huo hapo juu ya kabati, ukate wewe mwenyewe, na wallahi nitaondoka radhi nawe.

Siham, kivute kipande kile. Kwa kingo, usiguse katikati. Washa taa ya meza, mpe mjomba wako akishike mbele ya mwanga. Miaka arobaini na tano umekichukia, Kaka, na hujawahi kukitazama. Kitazame. Polepole. Vaa miwani.

Tulieni, mwacheni atazame.

Unasema nini? Sema kwa nguvu, masikio yangu yamekwenda mbali... Rudia.

Mmesikia, wanangu? Maana mimi nataka mtu mwingine anihakikishie nilichosikia. Anasema siku ile yule rafiki yake alikinyanyua kipande kwenye mwanga, hivyo hivyo, akamwuliza, unamjua mwanamke huyu? Rafiki akacheka, akasema ni wa kupimia tu, hana jina, hana wenyewe. Na Kaka yangu akanyamaza. Hakusema ni dada yangu. Aliona haya, akanyamaza, akatoka, akaja mlangoni kwangu kunikana kwa kinywa kwa vile alishanikana moyoni... Hilo ndilo lililokuwa likikula? Ewe Mwadini! Miaka yote hiyo mimi nadhani ni nywele.

Usilie. Mtu mzima... haya, lia. Mahir, mpe mjomba wako maji.

Nimekusamehe. Nimekusamehe kabla hujamaliza kusema. Nisamehe na mimi kwa kukuficha. Sasa nipe neno moja, ikatwe au isikatwe?

Isikatwe. Alhamdulillahi. Isikatwe, lakini iandikwe jina. Sawa, Kaka. Hilo hata mimi sikulifikiria, nilikaa miaka yote mwanzoni mwa filamu za watu bila jina na nikaona ndiyo kazi.

Nisikieni haraka, pumzi inakimbia. Alhamisi muwape kopo zima, na muwape kwa karatasi iliyotiwa sahihi. Wasipokubali jina liandikwe, msiwape. Nikifa, Siham unioshe wewe, na maji yawe vuguvugu. Mnizike siku ile ile mkiweza. Maiti yangu msiipige picha, picha yangu moja inatosha. Pendaneni. Mkikasirikiana semeni, msinyamaze, mmeona kunyamaza kunavyokula watu. Mola awape macho ya kuwaona watu walivyo... awaongoze... awafunike na rehema zake, nyinyi na watoto wenu... Amin.

Mahir, lete kalamu ile nene. Si wewe, Siham, wewe lishike kopo. Mpe Kaka. Aandike juu ya kopo. Mwatima... binti Faki bin Omari... wa Wete. Mpima rangi. Na chini yake... wenyewe ni nani... andika wewe unavyojua.

Umemaliza?

Nisomee, Kaka. Kwa sauti.